Maji Yaliyorudi Mtoni

Sogeeni, nina kesi iliyonishinda kuiamua.

Huko Japani, Mto Shirahane hushuka kutoka mlima wa theluji, ukapita msituni, kisha mashamba ya mpunga, hadi bondeni wanakoelea wasafirisha magogo. Mzee Tokuji, mkata miti, alikuwa na macho ya kuona mbali kutoka juu ya jabali. Gensaku alishusha magogo kwa upondo, ule mti mrefu wa kusukumia, na hakuna aliyeutumia kama yeye. Hisano, mjane, ndiye aliyetunza lango la mfereji wa mashamba, na aliyajua maji kama alivyoijua sauti ya mama mkwe wake.

Kiangazi kile mvua iligoma, maji yakawa ya zamu, maana kila nyumba ilikuwa na shamba lake la mpunga. Mpunga wa Hisano ulikuwa unakauka, na zamu yake ingefika baada ya siku nne. Asubuhi moja akafungua lango lote kwa siri. Maji yakamiminika shambani kwake, na mto kule chini ukabaki mawe.

Kinu, binti wa mkuu wa kijiji, mwenye miaka saba, akayaona mawe yale, akaanza kuvuka akiokota konokono.

Hisano akasikia watu njiani. Kwa hofu ya aibu, akalifunga lango kwa pupa. Maji yote yakarudi mtoni kwa mkupuo mmoja.

Tokuji aliona kutoka jabalini. "Mtoto majini! Hisano, fungua lango! Gensaku, anakuja kwako!" Bila yeye, hakuna ambaye angejua.

Hisano akalivuta lango mpaka viganja vikachubuka. Maji yakageukia mferejini, mto ukapungua nguvu. Bila yeye, mtoto angepita kasi, asishikike.

Gensaku akaruka gogo hadi gogo, akanyoosha upondo, Kinu akaung'ang'ania. Bila yeye, mtoto angezama.

Jioni mkuu, Munemori, akawaita wote. "Zamu yangu ya maji, kiangazi chote, nampa aliyemwokoa mwanangu. Inatosha shamba moja tu."

"Mpe Hisano," alisema Tokuji. "Mimi nilipiga kelele tu."

Hisano alimtazama Kinu, aliyefungwa kitambaa kwenye paji la uso na aliyekuwa akimtabasamia. Tabasamu lile lilimchoma.

"Msinipe," akasema. "Maji yaliyomchukua, mimi niliyaachia. Nilikuwa nimeiba zamu."



"Kama asingesema, nani angejua?" Tokuji alinong'ona.

"Lakini amesema," Gensaku akajibu. "Na mpunga wangu nao unakufa, Mzee. Wako pia."

Munemori akamgeukia Hisano. "Uliposikia kelele ungeweza kukimbia. Kwa nini ulilifungua lango tena?"

 Hisano alikuwa akilia, huku akimfikiria mama mkwe wake, asiye na chakula kingine ila mpunga ule.

Mkuu akashindwa kukata shauri. Basi ninyi mnaonisikiliza, mngekuwa mahali pake, maji yale mngempa nani?