Nyota Mlangoni kwa Mjane

Wapendwa, wekeni vitabu vya nyimbo chini kidogo, nina kisa. Msiniulize kilitokea usharika gani. Atakayeuliza nitajua ana sababu.

Palikuwa na mama mmoja mjane, fundi cherehani, huko milimani penye baridi kama hii yetu. Mwalimu mmoja mstaafu alipohama alimwachia sanduku la vitabu. Vilikuwa vitabu vya habari za Wayahudi: historia yao, harusi zao, vyakula vyao, jinsi wanavyoipokea Sabato Ijumaa jioni. Na vingi vilihusu wanawake wao mashujaa, waliovusha watoto wa watu mpakani wakati wa vita ya pili ya dunia, waliopigwa na bado wakakataa kutaja majina. Yule mama akavisoma vyote. Akaona kuvikalia peke yake ni uchoyo, akawaita wenzake. Kila Alhamisi, wakishatoka shamba, wanawake walikutana kwenye chumba chake cha kushonea. Mmoja anasoma, wengine wanasikiliza huku wanafuma vitambaa. Mlango waliufunga. Kwa nini waliufunga? Kwa sababu ya baridi, jamani. Kwani ninyi hamfungi?

Lakini mtu akitaka kudhani mabaya, mlango uliofungwa unamtosha.

Katika usharika ule alikuwapo mzee wa kanisa mmoja. Mtu mzuri, nisimwonee. Halewi, hagombani, kwenye msiba anawahi kuliko wafiwa. Ila alikuwa na ugonjwa wa kunusa. Mkijenga choo, yeye anauliza kwa nini mlango wake umeelekea kule. Mgeni akisalimu sana, anauliza anatafuta nini. Msicheke, mnamjua mtu wa namna hiyo, na baadhi yenu mmekaa naye benchi moja.

Basi mzee huyu akapita pale Alhamisi moja. Akasikia kimya. Halafu akasikia kicheko. Akiwa anataka kuondoka akasikia mtu analia, halafu wengine nao wanalia. Akasimama njiani na jembe lake begani. Watu gani hao wanacheka na kulia ndani ya chumba kimoja? Alifika nyumbani akala, lakini hakusikia ladha ya chakula.

Siku chache baadaye akapeleka suruali ikapunguzwe. Juu ya meza ya cherehani akaona kitabu. Jalada lake lilikuwa na mishumaa miwili, na juu ya mishumaa nyota ya pembe sita. Mzee akatoka na suruali yake mkononi bila kupimwa. Akaenda moja kwa moja kwa mzee mwenzake.

"Nimekiona kwa macho yangu," akasema. "Ni Frimasoni."

"Kwa mama fundi? Yule anayetushonea majoho ya kwaya?"

"Sasa jiulize majoho yale ameyashonea nini ndani."

Mnaona kazi hiyo? Tangu siku ile kila kitu kikawa ushahidi. Yalipofika mavuno, mjane akaleta mkate kwenye mnada baada ya ibada. Alikuwa ameusoma kwenye vitabu vile, mkate wa Sabato unaosukwa kama nywele za binti. Mnadi akauinua, ukang'aa, ukanukia kanisa zima. Kuku walinunuliwa. Mikungu ya ndizi ikanunuliwa, mpaka kabichi iliyooza upande mmoja ikapata mtu. Mkate haukupata mtu. Mzee alikuwa ameshapita benchi kwa benchi akinong'ona: mkate gani huo unaosukwa? Na yule mama akaufunga kwenye kitambaa chake, akarudi nao nyumbani mbele ya watu wote. Mimi nikiifikiria safari ile ya kurudi nyumbani, roho inaniuma.

Kisha wanawake wakaanza kuuliza maswali. Mmoja alisimama kwenye mkutano wa usharika akauliza kwa nini kina mama wanapika kwenye kila semina, lakini kwenye baraza la wazee hakuna hata mama mmoja. Mwingine, aliyenyang'anywa shamba na shemeji zake, akaenda kwa mtendaji wa kata kulidai. Hapo mzee akasema, mmeona sasa? Vitabu vimeanza kazi.

Akamwendea mjane.

"Shikamoo, mzee," mama akamwamkia.

"Marahaba. Mama, vitabu hivi mnavyosoma humu ni vya nini?"

"Ni habari za Wayahudi, mzee, na za wanawake wao. Karibu ukae. Au chukua hiki ukakisome, Alhamisi utanirudishia."

Mzee akarudisha mikono nyuma. "Sihitaji kula sumu ndipo nijue kwamba inaua."

"Lakini aliyekwambia ni sumu, yeye alikionja?"

Mzee akatoka. Akaenda kuliita baraza likae Jumapili, limtenge yule mama. Na ninyi mnajua kutengwa kwetu kulivyo. Meza ya Bwana hasogei. Kwaya anatolewa. Siku akifa, kengele haipigwi, mchungaji haendi, anazikwa na majirani kama mtu asiye na kwao. Mjane yule alikuwa amemzika mumewe kwa nyimbo za usharika ule ule, na kaburi la mumewe lilikuwa na nafasi yake pembeni. Ndicho kitu alichokuwa anakwenda kunyang'anywa, na waliotaka kumnyang'anya hakuna hata mmoja aliyefungua ukurasa.

Jumapili ilikuwa bado mbali, na mzee aliogopa watu wasije wakaingia mle kwa kutokujua. Akakumbuka rangi nyekundu iliyobaki bati la kanisa lilipopakwa. Asubuhi na mapema, kabla watu hawajaenda kisimani, akachukua brashi akaichora ile nyota ya pembe sita mlangoni kwa mjane. Aliichora vizuri, kubwa, ya kuonekana toka barabarani. Akarudi nyumbani na moyo mweupe, akaomba chai.

Mkewe alikuwa ametoka kuteka maji. Hakumimina chai.

"Baba Atupele," akasema, "ile nyota kwa mama fundi ni mkono wako?"

"Ni wangu. Watu lazima waonywe."

"Rangi imebaki?"

"Imebaki. Ya nini?"

"Njoo uchore na hapa kwetu. Mimi nakwenda pale tangu masika."

Mzee akamtazama mwanamke aliyeishi naye miaka yote ile. 

"Wewe uliona jalada," mkewe akaendelea, taratibu kabisa. "Ungefungua ndani ungekuta kwamba nyota ni alama yao wenyewe, wanaipenda. Halafu waliowachukia wakaichukua, wakawabandika vifuani, wakawachorea milangoni na kwenye maduka, ili kila mtu ajue nani wa kukwepwa. Kwanza walikwepwa tu. Baadaye wakaja kuchukuliwa kwenda kuuawa. Na waliochora wengine hawakutoka mbali, walikuwa watu wa mji ule ule. Siku ile uliyosema umesikia watu wanalia, ni sisi, tulikuwa tumefika hapo kitabuni. Tukaulizana, katika kijiji chetu nani angeweza kushika brashi namna ile? Kila mmoja alisema hayupo. Na mimi nilisema hayupo."

Mnaniangalia mnataka kujua mzee alifanya nini. Aliufuta mlango? Aliomba radhi? Sitawaambia, kwa sababu nikiwaambia mtafurahi, mtaenda nyumbani mkiwa mmemsamehe yeye, na sisi tutabaki na brashi zetu.

Maana sisi, wapendwa, ni hodari wa kusema tungekuwa upande wa wale wanawake wa vitabuni. Tukisikia habari za watu waliowaficha watoto wa jirani tunatikisa vichwa, tunasema nami ningewaficha. Ungewaficha wewe? Wewe uliyeshindwa kununua mkate kwa sababu mtu alikunong'oneza? Ujasiri wa wanawake wale ulianza mahali padogo sana, palipotakiwa mtu mmoja aseme, mimi sijaona hilo, sitalirudia. Sisi hapo ndipo tunapoanguka, tena kila juma.

Na nimekasirika, nisifiche. Leo baada ya ibada baraza letu linakaa. Kuna jina la dada mmoja limeletwa mezani, mnalijua, na yeye amekaa humu anatusikia. Nimezisoma tuhuma zake zote. Zinaanza na inasemekana, zinaendelea na yasemekana, na mwisho ni watu wanasema. Basi mimi kama mchungaji wenu nasema hivi: anayemtuhumu aje na alichokiona. Asiyeona kitu, ibada ikiisha aende kwake akanywe chai. Na kabla hajaondoka apite pale alipokaa huyo dada, ampe mkono, mbele yetu sote.

Dada, usisimame. Sisi ndio tutakaokuja hapo ulipo.