Paka wa Mbegu

"Wakigombea ubaba, paka huhama na wanawe." Ndivyo nilivyowaambia wale wazee sebuleni, kisha nikajifunga kanga yangu nikatoka. Sasa mmenifuata huku jikoni mnaniuliza: bibi, paka gani, na ubaba wa nani? Kaeni basi. Wewe Shadhili, acha kuchokora sufuria. Mwasiti, mnyonyeshe mtoto wako taratibu na wewe usikilize, maana wale mle ndani wanagombea mtoto uliyemzaa wewe, na tangu asubuhi sijasikia hata mmoja akikuuliza neno. Ukoo huu unasema pua ni yao. Ukoo ule unasema masikio ni yao. Waacheni wapimane. Mimi nitawaeleza maneno yangu yalikotoka.

Huko kwetu bonde la Rufiji, zamani kabla baba zenu hawajazaliwa, palikuwa na kijiji cha wakulima wa mpunga kikiitwa Nyakinyo. Mto ulipofurika watu walingoja, maji yalipopungua walipanda. Mbegu ya kijiji kizima iliwekwa katika nyumba moja, juu ya dari ya jikoni, ndani ya vilindo vya magome ya mti, ili moshi uifukuzie wadudu. Lakini moshi haumfukuzi panya. Kwa hiyo nyumba ile ilikuwa na paka, na paka huyo aliitwa paka wa mbegu. Hakuna aliyethubutu kumpiga hata akiiba samaki.

Mwaka ninaousema mbegu ilikuwa kwa mjane kijana aitwaye Somoe. Hakuwa mzaliwa wa Nyakinyo. Aliolewa pale, mume akafa, akabaki na mtoto mchanga. Wakwe walitaka kumrudisha kwao. Jumbe wa kijiji akasema aachwe, atunze mbegu, na kazi hiyo ndiyo itakayomweka kijijini. Akamwambia waziwazi: "Mbegu ikisalimika, hapa ni kwako. Mbegu ikiharibika, utatafuta pengine." Somoe akaitikia. Angesema nini?

Paka wake alikuwa jike, wa rangi tatu, mabaka meusi, mabaka ya njano na meupe, kama kitambaa kilichoshonwa kwa viraka. Alimwita Kanga. Alikuwa bado kijana, na Somoe hakuwahi kufuga paka. Hapo ndipo mkanganyiko ulipoanzia.

Siku moja Kanga alijibwaga chini akaanza kubingirika. Akajisugua kwenye mafiga, akajisugua kwenye mtungi, akanyanyua makalio juu, mkia kaupeleka kando, huku akilia kwa sauti kama ya mtoto aliyeachwa njiani. Somoe akashtuka. Alidhani kaumwa na nge. Akamkagua miguu, hakuna kitu. Akampapasa mgongo ili apoe, na kadiri alivyompapasa ndivyo alivyozidi kunyanyua makalio na kulia. Jirani mmoja akasema ni pepo, akaleta ubani. Kanga akafukizwa, akapiga chafya, akaendelea kulia vilevile. Mwingine akasema ana njaa, akaletewa dagaa. Hakuwagusa. Somoe naye akakaribia kulia, maana paka akifa, mbegu ina nani?

Mnacheka? Chekeni. Ninyi mmezaliwa mkayakuta mambo yote yameshaelezwa.

Basi madume wakaja. Wa kwanza alikuwa Masizi, paka mweusi wa Mzee Mkumba. Akafuata Binzari, paka wa njano wa Mzee Ngwere. Wakakaa kwenye ua wa Somoe wakitazamana na kunguruma. Wanakijiji walipoona hivyo wakafahamu kidogo, lakini kidogo tu. Kanga alikuwa akiita, dume likaja, likamng'ata shingoni, na mara Kanga akapiga ukelele akageuka akalizaba makofi ya uso. Halafu akabingirika mchangani, akatulia, na baada ya muda akaanza kuita upya.

Mzee Mkumba alikuwa amesimama pale nje. Akajikuna kichwa akauliza, "Huyu anataka au hataki?"

"Anataka," akasema Mzee Ngwere.

"Mbona anampiga?"

"Labda kampiga wako kwa sababu anamtaka wangu."

Hapo hapo Binzari naye akala kofi. Wazee wakaondoka, kila mmoja na mawazo yake.

Baada ya siku chache kelele zikaisha kabisa, kama mtu aliyezima taa. Kanga akarudi darini kuwinda panya. Tumbo likakua. Akawa anakagua nyumba nzima, anaingia kwenye kikapu anatoka, anaingia chini ya kitanda anatoka, mpaka akachagua tenga kuukuu karibu na meko. Humo akazaa watoto watatu. Mmoja mweusi tii. Mmoja wa njano. Mmoja mweupe.

Sasa lazima mjue mila yao. Nyakinyo, mwenye dume alikuwa na haki ya kuchagua mtoto mmoja wa paka kabla ya mtu mwingine yeyote. Waliiita haki ya dume. Na mwaka ule mtoto wa paka alikuwa na thamani, panya walikuwa wengi kuliko kuku. Kwa kawaida watu walingoja mpaka watoto wafumbue macho na kuanza kulamba uji. Lakini Mzee Mkumba aliposikia kuna mweusi, na Mzee Ngwere aliposikia kuna wa njano, hawakungoja.

Walikutana mlangoni kwa Somoe. Mkumba akasema mwenye dume ni yeye, watoto wote ni wa Masizi, naye ndiye wa kuchagua. Ngwere akamwuliza huyo wa njano alitoka wapi. Mkumba akamjibu, na huyo mweusi je? Mama mmoja huzaa mimba moja, na mimba moja ina baba mmoja; hilo wote wawili walikubaliana. Ndiyo maana wakachanganyikiwa. Kama baba ni mweusi, wa njano ni wa nani? Kama baba ni wa njano, mweusi kaingiaje? Mkumba akaanza kusema labda Somoe kaokota mmoja mahali akamchanganya na wengine. Akaitwa Jumbe aje aamue.

Jumbe akaja na fimbo yake, akainama kwenye tenga. Kisha akasema, "Lakini huyu mweupe ana uso wa Chokaa, paka wangu mweupe." Mwamuzi naye akawa mdai.

Siku hizi bwana mifugo anasema paka jike akiwa kwenye joto hupandwa na madume kadhaa, na kila mtoto anaweza kuwa na baba yake, tumbo moja hilohilo. Mimi nilipoambiwa nilimtazama mara mbili. Lakini hata bila bwana mifugo, yule paka mwenyewe alikuwa na weusi, na njano, na weupe, mwili mmoja, yupo pale pale mbele yao anawaangalia. Wanaume watatu wazima, na hakuna aliyefikiri kwamba mtoto anaweza kufanana na mama yake.

Wakakubaliana jambo moja tu, na lilikuwa baya. Kila mmoja aweke alama kwa mtoto anayemdai, kama watu wanavyopaka vifaranga rangi ili mwewe asiwachukue. Mkumba akaleta masizi ya chungu yaliyochanganywa na mafuta ya nyonyo. Ngwere akaleta binzari. Jumbe akaleta chokaa. Wakawatoa watoto kwenye tenga, vipofu bado, wanalialia, wakawa wanapokezana mkono kwa mkono.

Somoe akapiga magoti. "Shikamooni wazee wangu. Hawa hawajafumbua macho. Waacheni kwa mama yao, wakikua mtachagua."

"Mwanangu Somoe," akasema Jumbe, "tunaamua haki hapa."

"Haki ya nani, baba?"

"Haki ya dume."

"Na ya jike?"

Ngwere akacheka. "Jike ana haki gani tena? Watoto si anao tayari?"

Wakawapaka. Mweusi akapakwa masizi, mtu asione tofauti. Wa njano akapakwa binzari, vilevile. Mweupe akapakwa chokaa. Sijui ile alama ilikuwa ya kumwonyesha nani nini. Kanga alikaa pembeni, masikio kayalaza nyuma. Walipotoka akawanusa watoto mmoja mmoja. Hawakunuka tena harufu yake. Akawalamba, akatema, akawalamba.

Kesho yake tenga lilikuwa tupu. Kanga alikuwa amewabeba kwa ngozi ya shingo, mmoja baada ya mwingine, hakuna aliyejua kawapeleka wapi.

Mngedhani wazee wale sasa watatafuta paka. Hapana. Mkumba akasema Ngwere kawaiba. Ngwere akasema Jumbe kawaficha. Jumbe akasema Somoe anajua walipo. Wakakaa barazani kwa Jumbe wakibishana, na watu wakagawanyika, huyu upande wa weusi, yule upande wa njano. Somoe akawaendea na mtoto wake mgongoni.

"Wazee, panya wameingia darini. Nawapiga kwa mwiko usiku na mchana, lakini mimi ni mmoja. Nisaidieni."

"Tutafika huko," akasema Jumbe. "Kwanza tumalize hili la baba."

Akawaendea tena. Jibu likawa lilelile. Alipanda darini mwenyewe, akaviziba vilindo kwa udongo, panya wakatoboa upande wa chini. Alikuwa na hofu mpaka maziwa yake yakapungua.

Maji ya mto yakashuka, siku ya kupanda ikafika. Vilindo vikateremshwa mbele ya watu wote. Mkumba akatia mkono, akatoa makapi. Ngwere akatia mkono, makapi. Kila kilindo kilikuwa makapi na mavi ya panya.

Wazee wale watatu, waliodai ubaba mpaka mate yakawakauka, wakatazama chini. Hasara ile haikupata baba hata mmoja wa kuidai. Halafu Jumbe akageuka, akamnyooshea Somoe fimbo, akasema, "Mtunza mbegu ni wewe."

Somoe hakulia. Alikaza mbeleko ya mtoto wake, akasema mbele yao, "Wakigombea ubaba, paka huhama na wanawe. Na mimi nahama na wangu." Akaondoka.

Alitembea mpaka mwisho wa mashamba, akakuta dungu lililoachwa, kibanda cha juu ya nguzo cha kufukuzia ndege. Alipopanda ngazi alisikia mngurumo mdogo. Kanga alikuwa amelala ndani, na watoto watatu macho wazi, wanagombea mkia wa panya. Walikuwa wasafi. Alama zote zimelambwa. Somoe ndipo akakaa chini akalia.

Akabaki pale. Ndugu wa mama yake wakampa mbegu kidogo, Kanga na wanawe wakailinda, na mwaka uliofuata alivuna. Wazee wa Nyakinyo wakaja kuomba mbegu, kofia mikononi. Akawapa. Mzee Mkumba alipokuwa akifunga kikapu chake alimwona yule paka mweusi, sasa mkubwa, akasema polepole, "Hivi, Somoe, huyu kweli si wa Masizi?"

"Chukua mbegu, mzee wangu," Somoe akamwambia. "Hilo lingine mwulize mama yake."

Mahali pale pakaitwa Dunguni. Ndiyo, Dunguni kwetu. Somoe alikuwa mama yangu, na yule mtoto wa mgongoni ni mimi. Nimeishi miaka yangu yote mahali tulipohamia.

Sikilizeni, wale bado wanapigiana kelele. Sasa wamefika kwenye kidevu. Sisemi Mwasiti ni paka, msinielewe vibaya. Paka hakukaa kimya hata kidogo, aliwazaba makofi.

Unasemaje, Mwasiti? Chumba? Kipo, na kitanda kipo. Basi la mwisho la kwetu halijaondoka. Mfunge mtoto vizuri, kaza hapo kwapani, nami nachukua mkoba wangu. Tutapitia mlango huu wa jikoni.

Shadhili, nyinyi bakini. Wakichoka watatoka, watauliza mtoto yuko wapi, wamtazame kidevu. Msibishane nao, na msiongeze neno. Waambieni tu: wakigombea ubaba, paka huhama na wanawe.