Siku Ngiri Alipoogeshwa Mkole

Hadithi hiyo!
— Na ije!
Ikija na uongo?
— Tutaula!
Ikija na ukweli?
— Rudi nao kwenu!

Haya, sogeeni.

Palikuwa na Ngiri na palikuwa na Bi Kalunguyeye. Ngiri alikuwa na meno yaliyochomoza nje. Bi Kalunguyeye alikuwa na miba, na watoto wenye njaa. Mwaka ule jua lilikausha kila kinacholiwa, isipokuwa miti ya mikole iliyoota kileleni, juu ya mwamba. Matunda yake yalikuwa yamepukutika chini, matamu, yanangoja wa kuyaokota.

Ngiri akawahi. Akakaa juu ya mwamba, kwenye njia pekee ya kupandia, akajitangaza mganga.

Ngiri mnamjua. Hula amepiga magoti. Basi wenzake walipomwona kapiga magoti chini ya mkole, mdomo unacheza, wakanong'ona, "Kimya, mganga anaomba."

Anaomba! Anakula!

"Matunda haya ni dawa," akasema. "Dawa hailiwi ovyo. Mganga anakula kwa niaba ya mgonjwa."

Akaja Swala. "Mzee, njaa inaniua." Ngiri akala kwa niaba yake, nyam nyam nyam. "Unajisikiaje?"

"Bado, mzee."

"Dawa haijakolea. Rudi kesho."

Akaja Kanga. "Mzee, njaa inaniua, hata macho sioni." Ngiri akala kwa niaba yake, nyam nyam nyam, akamtupia kipande cha gome kikavu. "Tafuna. Dawa ya macho."

Bi Kalunguyeye akashika kiuno. Dawa ya macho? Gome la mkole kila mwanamke anaijua kazi yake: unaliponda, unaliloweka, linatoa ute kama mlenda, mwali anaoshwa nalo nywele. Huyu mganga, mti wenyewe haujui! Akamtazama kitinda mimba wake, hata kulia hawezi tena. Akapanda naye.

"Shikamoo, babu mganga."

"Marahaba. Unaumwa nini?"

"Siumwi, babu. Nauliza tu, unatolewa lini?"

"Nitolewe?"

"Mganga wa mkole si hutolewa kama mwali? Akiogeshwa kwa gome, aking'ara, ndipo dawa inakubali. Au babu hukulijua hilo?"

Ngiri akakohoa. "Nisijue? Mimi? Nilikuwa nangoja wa kuniogesha!"

"Na unapakwa kichwani tu, au mwili mzima?"

"Mwili mzima! Kichwani tu ni kwa wanaojifunza."

"Na kwato, babu?"

"Tena kwato ndizo za kwanza!"

Bi Kalunguyeye akaponda gome, twa! twa! twa! Akaliloweka kwenye kishimo cha maji mwambani, akalivuruga mpaka likavutika. Akampaka mgongo, akampaka tumbo. Kwato akazirudia. Ute uliobaki akaumwaga pale pale chini.

"Simama, babu, watu wako wakuone!"

Kanga akapiga vigelegele. Ngiri akasimama. Akainua mkia juu kama bendera, akatoa mguu mmoja kwa madaha.

Tereree! Mguu wa kushoto Magharibi. Tereree! Mguu wa kulia Mashariki. Akakalia makalio, akashuka mwamba mzima, tereree-ree-ree, chubwi! kwenye tope la bondeni.

Kisha sauti kutoka topeni: "Nimeshuka kwa makusudi! Hii ni sehemu ya tiba!"

"Tumeelewa, babu!"

Akajaribu kupanda. Tereree, chubwi! Akajaribu tena. Tereree, chubwi!

Huko juu Swala anatafuna, Kanga anadonoa, na kitinda mimba wa Bi Kalunguyeye mashavu yamemjaa, anadai mengine kwa kelele.

"Msile!" Ngiri akapiga ukelele. "Hiyo ni dawa! Mnakula nini?"

"Usijali, babu," akajibu Bi Kalunguyeye, mdomo umejaa. "Leo tunakula kwa niaba yako. Unajisikiaje?"

Hadithi yangu imeteleza, iko topeni; anayeitaka akaiopoe. Na funzo lake, wanangu, lishikeni sana: mtu mwenye heshima zake asioge.