Folkwini wa Litumbi, Mtu Asiye na Wajina

Wekeni majembe chini, watu wa Litumbi, mkae, maana habari hii haisimuliwi kwa mtu aliyesimama. Ni habari ya enzi za baba wa babu zetu, wakati vita vya Maji Maji vilikuwa vimekwisha na njaa imeingia mahali pake, na mlima huu ulikuwa nyasi tupu kuanzia mtoni hadi mgongoni, wala hapakuwa na mtu aliyeona sababu ya kuupanda. Ni habari ya Folkwini, mwana wa Kambalame, mwana wa Lihuluku, wa ukoo wa Mahongi; Folkwini Jembe Pana, Mlaza Nyasi, aliyeushika mlima usitelemke.

Kambalame alinyongwa na askari wa Wajerumani siku tatu kabla mwanawe hajazaliwa. Mkewe Ngonyo alikimbia na tumbo lake hadi misheni iliyokuwa bondeni, akajifungulia kwenye ghala la mahindi ambalo halikuwa na mahindi. Mtoto alitoka kimya. Padre Otmari, Mjerumani aliyekuwa akilisimamia ghala, alimmwagia maji kwa haraka na kumpa jina ili asife bila jina, na alipokwisha kulitamka mtoto akalia. Ngonyo aliamini ni jina lililomrudisha, na tangu siku hiyo hakukubali libadilishwe.

Hinju, mdogo wake Kambalame, ndiye aliyekuwa kichwa cha ukoo baada ya kaka yake kufa. Alitelemka misheni kuuliza jina lile ni la nani. Padre alimweleza bila kuficha kitu. Folk, alisema, ni watu, na zamani zaidi lilimaanisha watu waliokusanyika na silaha mkononi. Win ni rafiki. Ukiunganisha, ni rafiki wa watu. Katika nchi yake lilikuwa jina la wapiganaji na la watawa, enzi ambazo nchi hiyo ilikuwa misitu. Kisha akina mama wakaanza kupenda majina ya mitume, wakawaita watoto wao Yohana na Petro, na majina yale ya msituni yakapungua moja baada ya jingine, hata hili likabaki kwenye vitabu tu.

Hinju akamwambia hana ugomvi na maana. "Nataka kujua mwenye jina wa mwisho amezikwa wapi."

"Sijui," Padre akasema. "Sijawahi kukutana na mtu anayeitwa hivyo. Nimelisoma tu."

Jibu hilo ndilo lililoyapanga maisha ya Folkwini. Katika ukoo wa Mahongi mtoto alirithi jina la marehemu, na marehemu huyo aliitwa wajina wake. Kila mwaka kabla ya kazi ya shamba watoto walipelekwa makaburini, kila mmoja akasimama mbele ya kaburi la wajina wake, na mkuu wa ukoo akanyunyiza unga na kuliita jina, kusudi aliye chini amjue aliye juu. Jina lisilo na kaburi halikuwa na mahali pa kuitiwa. Folkwini hakufukuzwa siku hizo wala hakutukanwa. Alisimama njiani akisubiri wenzake wamalize.

Vijana wa rika lake walimtania. Walimwambia wajina wake amezikwa Ulaya, apande meli akamsalimie, na akifika asisahau kuwaletea sukari. Folkwini alicheka pamoja nao, kwa kuwa utani ulikuwa mzuri, kisha akaenda zake. Alikua na mabega ya watu wawili. Mhunzi alimfulia jembe lenye upana wa majembe mawili, na alilitumia kutwa nzima bila kulibadilishia mkono.

Alipokuwa na miaka ishirini na mitatu, mwenye bonde lile, ambaye alikuwa amewahifadhi Wamahongi tangu vita, alituma mjumbe kusema watoto wake wameongezeka na anaihitaji ardhi yake. Wageni wavune mara mbili zaidi kisha waondoke. Kaya zilikuwa arobaini. Kaskazini palikuwa na watu, kusini palikuwa na watu, na mahali pekee pasipo na mtu palikuwa Litumbi. Wazee walikuwa wamewahi kuujaribu mlima. Walipanda maharage, mvua ikanyesha alasiri moja, na jioni yake mbegu na udongo vilikuwa mtoni.

Folkwini akasimama barazani, mahali ambapo kwa kawaida hakusema neno, akasema: "Nipeni misimu hiyo miwili. Nikishindwa, mtakuwa mmempoteza mtu mmoja ambaye hata hivyo hamna pa kumwitia."

Alikusudia kuchimba ngoro mlima mzima. Ngoro walizijua, maana walizichimba kwenye miteremko ya kwao zamani, lakini hakuna aliyezijaribu mahali palipoinuka kiasi kile. Na kazi ya ngoro ina mpaka wake: mwanamume hufyeka nyasi na kuzilaza katika miraba, mwanamke huchimba udongo wa katikati na kuzifukia, hata pakabaki shimo la kuzuia maji na tuta la kupandia. Hinju alimuuliza nani atachimba, na yeye hana mke.

"Nitachimba mwenyewe, Baba mdogo."

Wanawake waliangua kicheko. Mmoja, mke wa binamu yake, alisema, "Basi shemeji, ukimaliza kuchimba uje unisongee ugali. Na mtoto huyu umbebe mgongoni, maana naona mgongo unao." Folkwini alimjibu kwamba ugali atausonga, ila mtoto ni mzito kuliko mlima. Ndiyo maneno ya mzaha ya mwisho aliyosikika akisema.

Alianza juu kabisa, kwa sababu maji yakiwa juu bado ni machache. Asubuhi alifanya kazi ya mume na mchana kazi ya mke. Alifyeka, akasubiri nyasi zikauke, akazilaza, akachimba, akafukia, akashuka mraba mmoja, akaanza upya. Alilala katika kibanda cha nyasi. Kutoka mgongoni mwa mlima aliona moshi wa kaya arobaini, na baada ya miezi michache alijua kila moshi ni wa nani, nani amechelewa kuwasha moto, nani ana wageni. Wao hawakuwa na namna ya kujua lolote lake, isipokuwa kwamba sehemu ya mlima iliyokuwa na nyasi ilizidi kupungua.

Katika msimu wa kwanza Ngonyo alikufa. Habari ililetwa na mtu aliyepiga kelele kutoka ng'ambo ya mto. Folkwini alishuka, akamzika mama yake, na kesho yake akapanda tena, maana mawingu yalikuwa yamekwisha kusimama na miraba sitini haijafukiwa. Mama yake ndiye mtu pekee aliyelitamka jina lake kama jina la kawaida, kama mtu anavyoita mtoto aje kula. Kule juu mwezi ukapita, na wa pili, bila yeye kulisikia.

Mvua za msimu wa pili zilianza adhuhuri. Watu wote wa Mahongi walitoka wakasimama ukingoni mwa mto, kwa kuwa mto ndio ungetoa hukumu: maji yakigeuka mekundu, mlima unatelemka, na kaya arobaini hazina pa kwenda. Ilinyesha hadi jioni, ikanyesha kesho yake. Vijito vya milima mingine viliingia mtoni vikiwa vyekundu kama matofali. Kijito cha Litumbi kiliingia kikiwa cheupe, na mtu aliweza kuhesabu kokoto chini yake. Hakuna aliyeshangilia. Hinju alivua kofia, na wengine wakafanya hivyo.

Kaya arobaini zilipanda Litumbi baada ya mavuno. Folkwini aligawa ardhi kwa siku moja, akatoa amri moja, nayo ni hii: "Kila mtu azibe ngoro yake iliyobomoka siku ileile, maana asiyeziba anambomolea aliye chini yake."

Alipokwisha kugawa akaomba kitu kimoja. Aliomba mtoto wa kwanza wa kiume atakayezaliwa mlimani aitwe Folkwini. Wazee walitazamana. Hinju akasema watampa mbuzi, watampa ng'ombe, watamtafutia mke kwa mahari ya ukoo mzima. "Lakini jina hurithiwa kaburini, mwanangu. Wewe u hai, na aliyekutangulia hatujui alipolala. Nikilivunja hili kwa ajili yako, nitawaambia nini waliozikwa?"

"Nimesikia, Baba mdogo," Folkwini akasema.

Alijenga nyumba yake mgongoni mwa mlima, juu ya nyumba zote. Wake aliotafutiwa hawakupatikana. Kila mzazi aliyeulizwa alisema kijana ni mwema, kisha akauliza wajukuu watahesabiwa kupitia nani. Akaishi peke yake miaka kumi na miwili. Watu walimheshimu. Walipompitia njiani walimwita Jembe Pana, au Mlaza Nyasi, na walidhani wanamtukuza.

Sasa, makosa waliyofanya watu wa Litumbi ni ya watu walioshiba. Ngoro za juu zina udongo mwembamba na mavuno yake ni haba, na aliye nazo hupata kazi nyingi kuliko maharage. Waliokuwa nazo walianza kuchelewa kuziba. Waliona kuwa kila walipochelewa, walizikuta zimezibwa, kwa kuwa Folkwini alizipitia kila alfajiri. Ikawa desturi. Mwaka wa kumi na mbili Folkwini alishikwa na homa, akalala ndani wiki tatu mfululizo, na kwa kuwa hapakuwa na mtu wa kupita nyumbani kwake, hakuna aliyejua. Ngoro za juu zikabomoka moja baada ya nyingine, wenyewe wakiamini kuna mtu anaziziba.

Mvua kubwa ilianza siku ya Jumatano. Ijumaa asubuhi mwanamke aliyekuwa ametelemka kuchota maji alirudi na ndoo tupu, akasema mto ni mwekundu.

Walipotazama juu walimwona. Alikuwa ametoka kitandani na alikuwa akichimba mfereji kukata mgongo wa mlima, ili maji ya juu yageuzwe yaelekee genge la mawe upande wa pili, mbali na nyumba. Wanaume kumi na wanne walichukua majembe wakapanda. Walipofika nusu ya njia aliwaona, akasimama, na sauti yake ikawafikia yote.

"Rudini mkawatoe watoto. Ardhi hii chini yangu inatembea. Anayetosha hapa ni mtu mmoja."

Wakarudi. Walitoa watoto, wagonjwa na wazee, wakawapeleka kwenye mwamba wa mashariki. Kutoka huko walimwona akiinua jembe na kulishusha, hadi wingu lilipofunika mgongo wa mlima. Alasiri mto ulianza kuwa mweupe. Wingu lilipoondoka mfereji ulikuwepo, umekamilika, na maji yalikuwa yakipita ndani yake kuelekea gengeni. Nyumba ya Folkwini haikuwepo, na ardhi iliyokuwa imeibeba haikuwepo. Kati ya kaya arobaini hakufa mtu.

Walimtafuta siku tisa.

Siku ya kumi mwanamke aitwaye Kandida, mjukuu wa Hinju, alijifungua mtoto wa kiume. Alimwita babu yake, ambaye sasa alitembea kwa fimbo mbili, akamwambia mtoto ataitwa Folkwini.

"Jina hurithiwa kaburini," Hinju akasema. "Hatuna kaburi. Nikimpa mtoto huyu jina, nimesema Folkwini amekufa, na mimi sijamwona amekufa."

"Alipokuwa hai ulimnyima kwa sababu yu hai. Sasa humpi kwa sababu hajafa. Babu, ulitaka awe nani ndipo umpe?"

Kandida akamwambia babu yake aende akamtafute Folkwini. Yeye atasubiri, na mtoto hatamwita lolote. Na hakumwita lolote. Watu walimwita Mtoto.

Hinju alitafuta miezi kumi na mmoja. Kila kulipokucha alishuka gengeni kwa fimbo zake mbili, akageuza mawe aliyoweza kuyageuza, na jioni akapanda. Wajukuu walipotaka kumsaidia aliwarudisha. Mwishoni alianza kupumzika pale mgongoni, karibu na mfereji, mahali nyumba ilipokuwa, na kutoka hapo aliona moshi wa kaya zote arobaini. Siku moja alikaa pale tangu asubuhi hadi wakaja kumchukua, wakamkuta akitaja kila moshi ni wa nani.

Kesho yake alikusanya ukoo na kutoa tamko. Alisema kaburi lichimbwe kando ya mfereji, wanaume na wanawake wachimbe pamoja, humo uzikwe mkeka usio na mtu. "Waliozikwa wakiuliza, nitajibu mimi. Niko karibu kwenda kwao." Wakachimba. Hinju akanyunyiza unga, akaliita jina mara tatu, na sauti yake haikutosha, ikabidi Kandida aliite mara ya nne kwa niaba yake. Mtoto alikuwa amesimama akishika sketi ya mama yake. Siku hiyo alipata jina, na Hinju alikufa kabla ya mavuno.

Tangu wakati huo ngoro za juu hazina mwenyewe. Huzibwa na ukoo mzima, wanaume wakilaza nyasi na kuchimba, wanawake wakichimba na kulaza nyasi, na hakuna anayecheka. Na jina lililokwisha kwao, lililokuja huku bila ndugu, limejaa mlimani. Wako wengi hata wanahitaji kutofautishwa: yupo Folkwini wa Kandida, yupo Folkwini Mrefu, Folkwini wa kinuni, Folkwini mwalimu, na wawili mapacha waliogawana jina kwa sababu wazazi hawakukubaliana nani alipate. Mmoja tu hana nyongeza. Mtu wa Litumbi akisema Folkwini bila kuongeza neno, kila mtu anajua ni yule wa mferejini, ambaye maishani mwake hakumsikia mtu mwingine akiitwa hivyo.