Bi Sikudhani na Vijana Waliokataa Kunyoa

Paukwa!

Pakawa!

Sogeeni basi, nyie wa mlangoni, mnanizibia hewa. Zamani hizo, babu zetu hawajazaliwa, palikuwa na kijiji, na kijijini palikuwa na bibi kizee, Bi Sikudhani, mkunga. Watu wazima wote pale walizaliwa mikononi mwake.

Mila ya kijiji ilikuwa moja: kijana, wa kiume na wa kike, hunyolewa kipara. Basi mwaka mmoja vijana wakagoma. Nywele zikakua, zikasimama, wakazisuka. Wavulana na wasichana wakacheza ngoma pamoja, ndi! ndi! ndindindi! Wazazi wakaziba masikio.

Mzee Ngwali akamwita bintiye, Kidawa.

"Nyoa."

"Sinyoi, baba."

"Nyoa, au utoke kwangu!"

Kidawa akatoka. Wenzake wakamfuata. Wakavuka mto, wakaingia msituni. Msitu wa chui, jamani!

Mvua ikaja, chwaa! chwaa! Mto ukaanza kujaa. Mama Kidawa analia, chakula hakipiti. Ngwali shingo ngumu, hatoki uani.

Bi Sikudhani akaja amelowa mvua, akasimama uani.

"Ngwali, fungua kinywa."

"Kinywa, bibi?"

"Fungua!"

Akafungua.

"Baba yako alichongwa meno, ndiyo mila ya enzi hizo. Babu yako alichongwa. Mbona yako mazima?"

Ngwali akainamisha kichwa. "Nilikataa, bibi. Nilikimbilia msituni."

"Nani alikuletea uji?"

"Wewe."

"Nani alimsihi baba yako?"

"Wewe, bibi."

"Leo magoti yangu hayavuki mto. Nenda wewe."

Ngwali mbio! Maji magotini. Maji kiunoni. Maji kifuani. Akavuka.

"Kidawa! Kidawa weee!"

Akazidi kuingia msituni.

"Kidawa!"

"Abee, baba!"

Akatokea, ameloa, anatetemeka, wenzake nyuma yake, wote wazima.

"Nilidhani chui..." Ngwali akashindwa kumaliza. "Twende nyumbani, mwanangu. Na nywele zako hizo hizo."

"Nisamehe, baba. Niliondoka hata mama sikumuaga."

Wakashikana mikono, msururu mmoja, wakavuka. Ng'ambo, mama akamkumbatia Kidawa, akampiga kofi la mgongo, akamkumbatia tena, huku analia na kucheka.

Ndiyo maana nawaambia: mzazi asisahau ujana wake, na kijana asisahau kuwa kuna anayemngoja.

Ngano yangu naitua hapa. Mwenye mabega aibebe.