Mlango Haukuwa Umefungwa

Leo nawapeleka mbali, ndugu zangu. Twende Ukraina, nchi ya baridi na ngano, zaidi ya miaka mia moja nyuma, wakati watu wake walipokuwa wakihangaika kuunda jeshi lao wenyewe. Huyu mtu msimtafute vitabuni, ni mfano wangu tu.

Alikuwepo kamanda mmoja wa mizinga. Sasa, mtu wa mzinga ana shida: haoni anakopiga. Yeye yuko huku nyuma ya kilima, adui yuko kule ng'ambo. Kwa hiyo humtuma mwenzake akalale juu ya kilima na simu ya waya, amwambie kombora limeangukia wapi. Kamanda huyu alikuwa na rafiki wa kazi hiyo. Kutwa ilikuwa, "Umekosa, afande. Umepitiliza. Rudi kushoto kidogo." Na kamanda alijibu nini? "Asante." Mnadhani alikasirika? Wapi! Alijua asipoambiwa amekosa, hatapata kamwe.

Lakini alikuwa na kiburi kimoja cha kijinga, wacha niseme wazi. Mzinga unapopigwa, askari wake huziba masikio na kuachama mdomo, ili mshindo usiwaharibie masikio. Yeye hakuachama. Alisimama wima, mdomo kaufumba, mikono nyuma, askari wamwone kwamba haogopi. Kweli walimwona, wakamsifu. Na masikio yake yakawa yanakufa kidogo kidogo.

Vita wakashindwa. Wakakimbilia nchi ya watu, yeye na rafiki yake, kila mmoja na chumba chake cha kupanga. Kamanda hakuwa na mke wala mtoto. Alikuwa na huyo rafiki tu, ambaye kila jioni alikuja kukaa kuliani kwake, kwa sababu sikio la kulia ndilo lililobaki na uhai.

Sikukuu moja wakimbizi wenzao walikusanyika kula pamoja, na kamanda akaanza kusimulia vita vya darajani. "Kombora langu la kwanza tu, daraja chini!"

Rafiki akamwinamia sikioni, anacheka. "Afande, la kwanza lilikosa. Ulibomoa banda la kuku la bibi wa watu."

Kiziwi haambiwi kwa mnong'ono, kwa hiyo meza nzima ilisikia. Watu wakaangua kicheko. Kamanda akainuka, uso umemwiva. "Toka mbele yangu. Usinijue tena."

Rafiki akaenda. Na tangu siku hiyo, ndugu zangu, hakuna aliyekaa tena kuliani kwake. Watu walimsalimia barabarani, akaona midomo inacheza tu. Alipika supu, akala nusu, nusu ikaganda sufuriani. Mnaujua upweke huo? Wengine humu mnaujua, na mmevaa vizuri kabisa.

Hatimaye upweke ukamshinda kiburi. Akanunua mkate, akaenda kwa rafiki yake. Akabisha mlango. "Ni mimi," akasema. Kimya. Akabisha tena, akangoja, mkate kwapani. Kimya. Akajiambia, "Hataki hata kuniona. Ni haki yake." Akarudi na mkate wake.

Haikupita wiki, akapata habari kwamba rafiki amefariki. Makaburini, mama mwenye nyumba aliyopanga rafiki akamfuata, akampigia kelele sikioni: "Si wewe uliyekuja na mkate? Marehemu alikuwa hawezi kuinuka kitandani. Alikuita! Nilimsikia nikiwa jikoni chini: 'Ingia, afande, mlango uko wazi!' Aliita mpaka sauti ikakauka. Nilipopanda ngazi, wewe ulikuwa umeshaondoka."

Mlango ulikuwa wazi. Yeye alikuwa nje, anasubiri ile "karibu" ambayo masikio yake hayawezi tena kuisikia. Na nani aliyaua masikio hayo? Adui? Ni mizinga yake mwenyewe, na ule mdomo aliokataa kuufungua.

Mnamsikitikia, naona. Basi mtusikitikie na sisi. Sisi tuliofukuza mtu mmoja kwa sababu alisema "umekosa" mbele ya wageni. Mke wako alisema. Kaka yako alisema. Tukapiga kelele zetu za hasira mpaka tukawa viziwi, na leo tunanung'unika, "Nilikwenda, hakunijibu. Hata Mungu hanijibu." Una hakika hakujibu? Au wahenga walikuwa wanakusema wewe, kwamba sikio la kufa halisikii dawa?

Kuna mtu anakuita sasa hivi, na sauti yake inakauka. Ukitoka hapa, kabla hujaenda kula, nenda kwake. Ukibisha usiposikia kitu, usigeuke. Shika kitasa, usukume.