Kwa Nini Watu wa Picha za Kale Huenda Mbio

Zamani, kabla picha hazijajua kutembea, mtu wa sarakasi aliweza kuishi maisha yake yote kwa mchezo mmoja. Aliuonyesha katika mji huu, akafunga mizigo, akaupeleka katika mji ambao haujauona.

Wakati huo aliishi Mwanasiti binti Shebe. Mchezo wake aliurithi kwa mama yake, na hakujua kazi nyingine. Alitembea juu ya kamba, dele la kahawa mkono mmoja, kikombe mkono wa pili. Katikati ya kamba aliketi, akamimina, akanywa polepole, kisha akainuka na kumaliza safari. Watazamaji walinyamaza mpaka akipindue kikombe kitupu. Ukimya ule ndio waliokuwa wakiufuata.

Msimu mmoja mvua zilizidi, hema likawa tupu. Akaja mtu mwenye sanduku la kunasia picha, lenye mpini wa kuzungusha. Alisema sanduku lake litautangulia mchezo mji kwa mji, watu wauone na kukimbilia hemani. Sidhani kama alikuwa na nia mbaya. Ila utepe wa kunasia picha uliokuwamo sandukuni ulikuwa wa dakika moja tu.

"Basi onyesha nusu, dada yangu," alisema.

Hapo ndipo penye kosa, kama ni kosa. Watu wa sarakasi walikuwa na mwiko: mchezo ulioanzwa haukatwi. Mwanasiti akakataa nusu. Akapita kwenye kamba mbio, akaketi, akaigugumia kahawa ya moto, akafika ng'ambo mpini ungali unazunguka. Mwenye sanduku alifurahi. Kila mwanasarakasi aliyemkuta baadaye alimwonyesha picha ile, akamwambia afanye vivyo hivyo.

Katika mji uliofuata hema lilijaa. Mwanasiti akapanda, akaketi, akaanza kumimina kwa utaratibu wake wa siku zote. Watu hawakunyamaza.

"Mama, mbona unajikokota?" mmoja aliuliza kutoka nyuma. "Mwenzio wa kwenye picha alishakunywa, akateremka."

Hema zima likacheka. Mwanasiti akainuka kwa haraka, apate kumfikia yule mwenzake. Kamba haikumvumilia.

Yeye alipona, mguu haukupona. Hakupanda tena. Yule wa kwenye picha aliendelea kuzunguka miji bila yeye, akinywa, akiteremka, akishangiliwa.

Na tangu siku hiyo, watu wa picha zile za kale huenda mbio, kila mmoja akijitahidi kumaliza mchezo wake kabla utepe haujaisha. Nasi, kila tuwaonapo, hucheka.